Karl Weule, mwalimu aliyepandisha kamera ya sinema Newala

Mwaka 1906, mwaka uleule Wabenediktini walipoanza misheni ya Ndanda, profesa mmoja wa Kijerumani alipita njia ya Lindi kwenda Masasi na wapagazi wake. Katika mizigo mlikuwa na kamera ya sinema ya kuzungushwa kwa mkono, na fonografu ya kunasa sauti kwenye silinda za nta. Jina lake Karl Weule.

Alizaliwa Ujerumani mwaka 1864, akasoma Göttingen na Leipzig, akafanya kazi katika makumbusho ya Berlin. Tangu 1899 alikuwa Leipzig, makumbusho na chuo kikuu.

Kuja kwetu hakukuwa mpango wake. Alikusudia kwenda Kondoa Irangi, lakini huko kulizuka ghasia, akageuziwa kusini. Na kusini nako majivu ya Maji Maji yalikuwa bado ya moto. Agosti 1905 Askofu Kasiano Spiss na wenzake wanne walikuwa wameuawa. Misheni za Lukuledi na Nyangao zilikuwa zimeteketezwa, na ile ya Waanglikana Masasi pia. Watu walikuwa wamefiwa, wana njaa na hofu. Tunamwomba msomaji akumbuke hilo, kwa sababu ndio hao waliosimama mbele ya kamera. Mgeni amefika na askari wa serikali, anaomba ngoma ichezwe: nani angethubutu kukataa?

Chingulungulu alikaa kwa Matola, mkuu wa Wayao, akisaidiwa na Mnorwe Nils Knudsen, aliyewazoea wenyeji. Kisha akapanda uwanda wa Makonde, Newala na Mahuta. Alipiga filamu fupifupi za ngoma, miongoni mwa za mwanzo kabisa Afrika Mashariki zilizopigwa kwa ajili ya elimu. Alinasa nyimbo. Akawapa watu penseli na karatasi wachore wenyewe walichotaka. Katika kazi zake zote sisi tunaipenda hiyo zaidi, maana hapo alinyamaza akawaachia wenyeji. Aliandika juu ya jando na unyago, ndonya na chale, na juu ya jambo ambalo kila mtu wa Newala analijua hata bila kitabu: Wamakonde kukaa juu kusiko na maji, na wanawake kushuka bondeni kuteka.

Kitabu chake cha safari kilitoka 1908, na mwaka uliofuata Alice Werner akakitafsiri kwa Kiingereza. Anayekisoma leo atakutana na dharau ya wakati ule, na mzaha usiochekesha. Lakini atakuta pia uangalifu mkubwa: nyumba inavyojengwa, chungu kinavyofinyangwa. Hatuwezi kuupokea uangalifu huo tukajifanya hatukuiona dharau.

Mwaka 1907 akawa mkurugenzi wa makumbusho ya Leipzig, na 1920 profesa kamili wa elimu ya mila za mataifa. Aliwaandikia pia watu wa kawaida vijitabu vyepesi. Alifariki 1926.

Desemba 1943 mabomu yaliunguza jengo la makumbusho yale, na vitu vingi vikapotea. Silinda za nta zilihifadhiwa Berlin, katika hazina ya sauti ambayo UNESCO iliiingiza mwaka 1999 kwenye orodha ya kumbukumbu za dunia. Walioimba mbele ya pembe ile ni babu na bibi wa waumini wanaojaza parokia zetu za Masasi na Newala, na wengi wa waumini hao hawajawahi kuzisikia sauti hizo.