Maisha ya Mwalimu Nyerere Katika Taarifa za Bunge

Mwanachuo aendaye kufanya mazoezi ya kufundisha katika shule za Bunda, Musoma au Butiama atakuta watoto wanaolijua jina la Julius Kambarage Nyerere kabla hawajajua kusoma. Hapo ndipo penye taabu. Mtu ajulikanaye hivyo aghalabu hafundishwi, husifiwa tu, na sifa tupu hazimwachii mtoto jambo la kufikiri. Twapendekeza basi kwamba mwalimu atayarishapo somo la maisha yake asitosheke na masimulizi ya nyumbani, bali atazame pia Taarifa Rasmi za Majadiliano ya Bunge. Taarifa hizo huitwa Hansard kwa jina la Thomas Curson Hansard, mpiga chapa wa London aliyechapisha mijadala ya bunge la Uingereza mwanzoni mwa karne ya 19. Faida yake ni kwamba maneno ya aliyeshindwa huandikwa sawasawa na ya aliyeshinda.

Habari za utoto wake zafahamika, nasi tutazipitia upesi. Alizaliwa Butiama mwaka 1922, mwana wa Mtemi Nyerere Burito wa Wazanaki na Mugaya Nyang'ombe. Mwaka 1934, akiwa na miaka 12, alianza masomo katika shule ya Mwisenge mjini Musoma, mwendo wa kilomita zipatazo 40 kutoka kwao. Kisha akaenda Tabora, halafu Makerere alikosomea ualimu, akafundisha St. Mary's, Tabora, akaenda Edinburgh mwaka 1949, na aliporudi akafundisha Pugu. Mwaka 1955 aliacha kazi ya ualimu kwa ajili ya TANU.

Mwaka 1957 Gavana Twining alimteua kuwa mjumbe wa Baraza la Kutunga Sheria. Hakukaa. Mapendekezo yake yalipokataliwa alijiuzulu kabla ya mwaka kwisha, kisha akarudi kwa kura katika uchaguzi wa mwaka 1958. Tarehe 22 Oktoba 1959 alisimama barazani, akaeleza nia ya wananchi wa Tanganyika kuwasha mwanga juu ya Mlima Kilimanjaro, ung'ae hata nje ya mipaka na kuwapa tumaini waliokata tamaa. Mwanafunzi yeyote autambua Mwenge wa Uhuru, lakini ni wachache waambiwao kwamba ulianza kama maneno barazani, tena maneno ya Kiingereza, na kwamba humo alitaja mshumaa. Ni Kiswahili kilichoufanya mshumaa ule kuwa mwenge, na kwa maoni yetu kiliuboresha. Mwenge wenyewe uliwashwa mlimani Desemba 1961.

Lakini somo lililo zito zaidi ni la tarehe 18 Oktoba 1961, majuma machache kabla ya uhuru. Muswada wa sheria ya uraia ulikuwa mezani. Baadhi ya wajumbe, wakiwamo wa TANU yenyewe, walitaka uraia wa nchi mpya uwe wa Waafrika peke yao. Hawa hawakuwa wajinga wala wabaya. Walisema kwa niaba ya watu waliodharauliwa kwa rangi yao miaka mingi, nao waliona Wazungu na Waasia wangali wameshika mali na vyeo. Nyerere, aliyekuwa Waziri Mkuu, aliwapinga kwa ukali. Alionya kwamba mwenye kuupima uraia kwa rangi ya ngozi ashika njia ya Hitler, akatangaza kwamba serikali nzima ingejiuzulu kama muswada ungeangushwa. Muswada ukapita.

Somo hili lafaa darasa la sita au la saba. Mwalimu asianze na jibu la Nyerere. Aanze na hoja ya wapinzani wake, aieleze kwa haki, awaache watoto waitetee, na mwanafunzi mmoja aandike kila lisemwalo bila kupendelea. Ndipo hoja ya Waziri Mkuu iletwe. Hotuba zake nyingi za miaka hiyo zimo katika kitabu chake Freedom and Unity cha mwaka 1966, lakini humo yeye husema peke yake. Kumsikia aliyebishana naye, hatuna budi kuirudia Taarifa Rasmi.

Inatupasa pia kuwaonyesha wanafunzi mahali ambapo taarifa hizo hunyamaza. Tangu mwaka 1965 nchi ilikuwa ya chama kimoja, na mbunge aliyepoteza uanachama alipoteza na kiti. Mwaka 1968 wabunge kadhaa walifukuzwa katika TANU, viti vyao vikaenda pamoja na kadi. Mwalimu aliyetetea mjadala kwa nguvu mwaka 1961 ndiye aliyekiongoza chama hicho. Mambo haya mawili yafundishwe pamoja.

Mfano ulio karibu nasi ni wa Musoma kwenyewe. Novemba 1974 Halmashauri Kuu ya Taifa ya TANU ilikutana katika mji huo ikaamua kwamba elimu ya msingi kwa watoto wote, iliyokuwa imepangwa kufikiwa mwaka 1989, ifikiwe mwaka 1977. Hakuna uamuzi uliobadilisha kazi ya mwalimu wa shule ya msingi kuliko huo. Maelfu ya vijana waliomaliza darasa la saba walifunzwa ualimu huku wakifundisha. Lakini anayetaka kujua nani alisita kikaoni, au nani aliuliza walimu watatoka wapi, hatayakuta hayo katika Hansard, kwani kile kilikuwa kikao cha chama, si cha Bunge.

Tarehe 29 Julai 1985 Nyerere aliwaaga wabunge katika hotuba ndefu, akiyapima mema na mapungufu ya uongozi wake. Alifariki London tarehe 14 Oktoba 1999, akazikwa Butiama tarehe 23 ya mwezi huo.