Romy Schneider: Alikataa Sissi ya nne, akaanza upya Paris

Kwa Wajerumani na Waaustria wa miaka ya 1950, Romy Schneider alikuwa binti wa kila nyumba. Alizaliwa Vienna Septemba 23, 1938, baba na mama wote wakiwa waigizaji. Mwaka 1953, akiwa na umri wa miaka 14, alicheza filamu yake ya kwanza pamoja na mama yake, Magda. Miaka miwili baadaye akawa Elisabeth, mke wa Kaisari wa Austria, katika filamu ya Sissi, na kumbi za sinema zikafurika. Ya pili ikatoka 1956, ya tatu 1957.

Biashara ilikuwa nzuri, ila duka halikuwa lake. Fedha zake zilisimamiwa na baba yake wa kambo, Hans Herbert Blatzheim, mfanyabiashara wa migahawa, na sehemu ya jasho la binti ilizama katika shughuli zake. Ilipotakiwa Sissi ya nne, dau nono likiwa mezani, Romy alikataa.

Mwaka 1958 alicheza Christine, filamu ya Kifaransa, na kijana ambaye bado hakuwa na jina kubwa, Alain Delon. Walipendana, akafungasha akamfuata Paris. Magazeti ya Ujerumani yalimwona msaliti. Vita na Ufaransa bado vilikuwa kumbukumbu mbichi. Na Paris nako hakuna aliyekuwa akimsubiri. Delon alizidi kupanda, yeye akabaki kuitwa mchumba wa Delon.

Kilichomwokoa ni lugha. Mwaka 1961 Mwitaliano Luchino Visconti aliwapandisha wote wawili jukwaani Paris. Kifaransa cha kununulia mkate ni kitu kimoja. Kucheza mbele ya Waparisi usiku baada ya usiku, lafudhi ikikusaliti, ni kingine kabisa. Alijifunza hadi akaweza.

Delon alimwacha. Akaolewa na Mjerumani Harry Meyen mwaka 1966, akamzaa David, akapunguza kazi. Huenda habari ingeishia hapo, lakini ilipoandaliwa La Piscine, iliyotoka 1969, ni Delon huyohuyo aliyeshikilia kwamba nafasi ile apewe Romy.

Ndipo akakutana na mwongozaji Claude Sautet. Kati ya 1970 na 1978 walifanya filamu tano, na kwangu mimi hizo ndizo kazi zake hasa. Hakuna taji wala gauni la kifalme. Ni wanawake wazima wanaopenda, wanaokosea na wanaoamua wenyewe kuondoka. Hata alipomrudia Elisabeth katika Ludwig ya Visconti, mwaka 1973, alimcheza mwanamke mkavu, mwenye uchungu, asiyefanana na yule wa utotoni. Tuzo za César zilipoanzishwa 1976, ya kwanza ya mwigizaji bora wa kike ilikwenda kwake, mgeni. Ya pili aliipata 1979 kwa Une histoire simple ya Sautet.

Julai 1981 David, mwenye miaka 14, alikufa kwa ajali akipanda uzio wa nyumba. Miezi michache baadaye mama yake alirudi mbele ya kamera kucheza La Passante du Sans-Souci, akiigiza na mtoto wa kiume. Filamu ilitoka Aprili 1982. Mei 29 alikutwa amefariki nyumbani kwake Paris, akiwa na miaka 43. Alizikwa Boissy-sans-Avoir, kijiji cha magharibi mwa Paris, na David akahamishiwa kaburi hilohilo.