Bibi Katharine Cook, Mwalimu wa Wakunga

Sisi wa Unguja tumezoea kusimuliwa habari za mapadre na manesi wa U.M.C.A. waliotutangulia hapa Mkunazini. Safari hii twapenda kuwaeleza habari za mama mmoja wa misheni nyingine ya Kanisa letu, C.M.S., aliyefanya kazi katika nchi jirani ya Uganda.

Katharine Timpson alikuwa nesi aliyejifunza kazi katika Hospitali ya Guy's, London. Mwaka 1896 alifika Mombasa na kundi la wamisionari, na mmoja wao alikuwa daktari kijana, Albert Cook. Reli ya Uganda ndiyo kwanza ilianza kujengwa, basi wakaenda bara kwa miguu pamoja na wapagazi wao. Februari 1897 walifika Mengo, na mwaka huohuo wakafungua hospitali katika kilima cha Namirembe. Katharine akawa matroni. Mwaka 1900 aliolewa na Dakta Cook. Mwaka 1902 radi iliipiga hospitali ikateketea. Nao hawakukata tamaa, wakaijenga tena.

Jambo lililomsumbua sana Bibi Cook ni vifo vya watoto wachanga. Akina mama wengi walipoteza mtoto baada ya mtoto, na wengine waliokaa mbali waliletwa Mengo wakiwa wamechelewa mno. Hospitali moja, hata ikiwa kubwa namna gani, isingeweza kuwafikia wote. Dawa yake ilikuwa kupata wakunga waliofundishwa vizuri, nao wakae huko huko vijijini.

Siku hizo walikuwapo Wazungu walioshuku kama wasichana wa Kiafrika wangeweza kazi hiyo. Bibi Cook hakushuku. Chuo cha wakunga kilifunguliwa Mengo, kikapewa jina la Lady Coryndon, mke wa Gavana. Wasichana walijifunza kuzalisha, kutunza mzazi na mtoto, na usafi; walitahiniwa, na waliofaulu wakapelekwa kwenye nyumba ndogo za wazazi zilizofunguliwa shamba. Bibi Cook na mumewe waliwaandikia kitabu cha ukunga kwa Kiganda, ili wasizuiwe na lugha ya kigeni.

Sisi tuliopitisha miaka yetu katika chuo cha ualimu twaona kwamba hapo ndipo ulipo uzito wa kazi yake. Angaliweza kuushika ujuzi mkononi mwake, akasifiwa, na siku ya kufa kwake ukazikwa naye. Badala yake aliugawa. Mkunga mmoja akihitimu, kijiji kizima kilipata msaada, hata kama Bibi Cook mwenyewe hakukanyaga huko.

Alifariki mwaka 1938, baada ya miaka 41 tangu afike Uganda. Mumewe alimfuata mwaka 1951. Hospitali ya Mengo ipo hata leo.

Ndugu zetu, tarehe 18 Oktoba, sikukuu ya Mtakatifu Luka, huwaombea waganga na manesi. Tusiwasahau wakunga wetu wa Mnazi Mmoja na wa vituo vya shamba, wanaokesha na mama wa watu usiku kucha. Na mwenye binti anayetaka kujifunza kazi hiyo, asimzuie.