Daktari Elsie Inglis: Hakukubali Kuwaacha Waserbia

Jina la David Livingstone, daktari kutoka Uskoti, wengi wetu tunalijua tangu shule ya msingi. Safari hii tunawaletea habari za daktari mwingine wa nchi hiyohiyo. Yeye hakufika Afrika, lakini maisha yake yanawagusa sana watu waliokimbia vita.

Elsie Inglis alizaliwa mwaka 1864 huko Naini Tal, nchini India, ambako baba yake alikuwa mtumishi wa serikali ya Kiingereza. Baadaye familia ilihamia Edinburgh. Siku hizo mwanamke kusomea udaktari lilikuwa jambo la kupingwa, lakini baba yake alimuunga mkono. Tunampongeza mzee huyo, maana wazazi wengi wa wakati ule wasingekubali. Elsie alianza katika shule ya wanawake ya Daktari Sophia Jex-Blake. Mama huyo alikuwa mkali. Kukatokea ugomvi juu ya wanafunzi waliofukuzwa, na mwaka 1889 Elsie, akisaidiwa na baba yake na marafiki, akaanzisha chuo kingine. Mwaka 1892 akapata cheti cha udaktari.

Kazi yake mjini ilikuwa hasa kati ya wanawake maskini. Mwaka 1904 alifungua hospitali ndogo ya uzazi katika mtaa wao, na mara nyingi hakuwadai malipo. Akawa pia kiongozi wa wanawake waliodai haki ya kupiga kura.

Uingereza ilipoingia katika Vita Kuu ya Kwanza mwezi wa Agosti 1914, alikuwa anatimiza miaka 50. Akawaendea wakuu wa jeshi huko Edinburgh, akajitolea yeye na madaktari wenzake wanawake. Ofisa aliyempokea akamwambia arudi nyumbani akatulie. Hakutulia. Alichangisha fedha, na hapo zikazaliwa Hospitali za Wanawake wa Uskoti, ambamo madaktari, wauguzi, madereva na wapishi karibu wote walikuwa wanawake. Serikali yake mwenyewe iliwakataa. Ufaransa na Serbia zikawapokea.

Serbia ilikuwa katika hali mbaya mno. Mwanzoni mwa mwaka 1915 ulizuka ugonjwa wa taifasi, ambao si ile homa ya tumbo tunayoijua huku. Huu huenezwa na chawa, na hushika sana mahali ambapo watu wamesongamana bila maji wala sabuni. Madaktari wengi wa Serbia walikufa, na baadhi ya wanawake wa Uskoti waliokwenda kuwahudumia wagonjwa wakafa pamoja nao. Daktari Inglis mwenyewe alifika mwezi wa Mei. Alisisitiza usafi na maji safi, na mwaka huohuo Waserbia wa Mladenovac wakajenga mahali pa kuchotea maji kwa heshima yake.

Ndipo, katika Oktoba 1915, majeshi ya Ujerumani, Austria na Bulgaria yakaivamia nchi. Jeshi la Serbia, mfalme wao na raia wengi sana, wazee kwa watoto, walikimbia wakipita milima ya Albania wakati wa baridi kali. Walikufa kwa maelfu njiani kwa njaa na theluji. Wako kati yetu wanaoijua safari ya namna hiyo, ijapokuwa yetu haikuwa ya theluji. Baadhi ya wauguzi waliondoka nao, na baadaye hospitali hizo zikawahudumia wakimbizi wa Serbia katika kisiwa cha Corsica.

Daktari Inglis alibaki Krushevac. Majeruhi wasioweza kutembea walikuwa wodini, naye hakuona sababu ya kuwaacha. Adui alipoingia alimkuta kazini, akamfanya mateka, na hata hapo aliendelea kutibu mpaka aliporudishwa kwao Februari 1916. Mwaka huo Serbia ilimpa nishani ya Tai Mweupe, naye alikuwa mwanamke wa kwanza kuipokea.

Mtu angedhani sasa atapumzika. Agosti 1916 alisafiri tena, kupitia Urusi hadi Romania, kukihudumia kikosi cha Waserbia waliokuwa wakipigana huko. Tayari alikuwa na saratani, lakini wengi waliofanya kazi naye hawakujua. Mwaka 1917 mapinduzi yalitokea Urusi, mambo yakavurugika, na kutoka Uingereza akaambiwa aondoe watu wake. Alikataa kuondoka kabla Waserbia hawajapewa njia ya kutoka, kwa sababu aliona wangetumwa kwenda kufa bure. Akaandika, akasihi, akangoja, huku mwili ukiisha. Mwezi wa Novemba ruhusa ikapatikana, wakasafiri pamoja kwa meli.

Walitia nanga Newcastle tarehe 25 Novemba 1917. Alikuwa hawezi, lakini aliamka, akavaa sare na nishani zake, akawaaga maofisa wa Serbia mmoja mmoja akiwa amesimama. Kesho yake usiku akafariki, akiwa na miaka 53. Ibada ya mazishi ilifanyika katika kanisa la St Giles, Edinburgh. Mwezi wa Februari 1918 bunge lilipitisha sheria ya kuwapa kura wanawake wenye miaka 30 na zaidi waliotimiza masharti ya mali, yeye hakuiona.

Fedha zilizobaki za hospitali zake zilisaidia kujenga hospitali ya uzazi yenye jina lake. Ilifunguliwa Edinburgh mwaka 1925, na watoto walizaliwa humo hadi ilipofungwa mwaka 1988.