Mekatilili wa Menza: Mjane aliyeigeuza ngoma ya maziko kuwa jukwaa la siasa

MNAMO Agosti 1895, wanajeshi wa majini wa Uingereza chini ya Admirali Harry Rawson walikwea kutoka pwani hadi Mwele, ngome ya Mbaruk bin Rashid wa Gazi iliyojificha katika vilima vya Kwale, wakaiteka. Aprili mwaka uliofuata, mzee huyo wa ukoo wa Mazrui alivuka mpaka pamoja na wafuasi wake, akajisalimisha kwa Wajerumani. Aliishi Dar es Salaam hadi alipofariki mwaka 1910, asirejee tena Gazi.

Hivyo ndivyo vita vya bunduki dhidi ya Waingereza vilivyomalizika katika pwani ya kusini, kuanzia Diani hadi Msambweni na Vanga. Kwa maafisa wa Himaya ya Afrika Mashariki, Mpwani aliyepokonywa silaha alikuwa Mpwani aliyeshindwa. Hesabu hiyo haikumzingatia mtu wa aina ya Mekatilili wa Menza.

Miaka 18 baada ya kuanguka kwa Mwele, ng'ambo ya pili ya Mombasa, katika nchi ya Wagiriama, serikali hiyo hiyo ilijikuta haipati vibarua, haisikilizwi na machifu wake inaowateua wanaogopa kutekeleza amri. Aliyesababisha hayo hakuwa na ngome wala kikosi. Alikuwa mjane mtu mzima, na alitembea kijiji hadi kijiji akicheza ngoma.

Jina alilozaliwa nalo ni Mnyazi wa Menza. Alizaliwa katika karne ya 19 huko Mtsara wa Tsatsu, eneo la Ganze, katika Kaunti ya Kilifi ya leo, akiwa binti pekee miongoni mwa ndugu wa kiume. Simulizi za Wagiriama zinaeleza kwamba ndugu yake mmoja alinyakuliwa na wafanyabiashara wa watumwa asionekane tena. Aliolewa, akapata mtoto aliyeitwa Katilili, na kwa desturi ya kwao akaanza kuitwa kwa jina la mwanawe: Mekatilili, yaani mama Katilili.

Ili kuelewa alichokifanya baadaye, sharti kwanza tuielewe kaya. Wagiriama ni mojawapo ya makabila tisa ya Mijikenda, ndugu wa Wadigo na Waduruma wa Kwale, na wote husimulia kwamba wahenga wao walitoka Singwaya, upande wa kaskazini. Walipofika pwani walijenga makao yao ndani ya misitu. Hapo ndipo wazee walipoamua kesi, hapo ndipo viapo vilipoliwa, na hapo ndipo ngoma za jamii zilipopigwa. Anayefika Diani hii leo na kuingia Kaya Kinondo, baada ya kufungwa kitambaa cheusi kiunoni kama ada inavyotaka, anaingia mahali pa aina hiyo hiyo. Kwa Wagiriama, kaya kuu ilikuwa Kaya Fungo.

Kufikia mwanzo wa karne ya 20, kaya hiyo ilikuwa imepoa. Wagiriama walikuwa wametawanyika kutafuta mashamba mapya, wengi wakilima mahindi kaskazini mwa Mto Sabaki, na wazee waliobaki msituni walikuwa wachache. Wakati huo huo serikali ilikuwa na shida yake. Utumwa ulikuwa umefutwa kisheria katika pwani ya Kenya mwaka 1907, na mashamba makubwa ya pwani yalihitaji watu wa kuyafanyia kazi. Macho yaliwaangukia Wagiriama, ambao walijilimia chakula chao na hawakuona sababu ya kwenda kulima cha wengine.

Mwaka 1912 alitumwa kwao afisa kijana, Arthur Champion. Kazi yake ilikuwa kukusanya kodi ya nyumba, kuwatia nguvu machifu walioteuliwa na serikali, na kuwatoa vijana wakafanye kazi. Wagiriama hawakuwa na mazoea ya kuamriwa na mtu mmoja. Uamuzi kwao ulikuwa wa baraza, na baraza lilikuwa na mahali pake.

Hapo ndipo Mekatilili alipojitokeza. Hakuwa na wadhifa wowote katika baraza hilo. Ujane ulimpa uhuru wa kutembea ambao mwanamke mwenye mume hakuwa nao kwa wepesi, na sauti yake, kwa mujibu wa kila aliyesimulia habari zake, ilikuwa ya kuvuta watu. Alichagua kifudu, ngoma ya wanawake iliyofungamana na maziko. Alipofika kijijini alianza kucheza, wanawake wakajiunga, wanaume wakasogea kutazama, na alipoona uwanja umejaa ndipo alipozungumza.

Uteuzi huo wa ngoma una akili kuliko unavyoonekana kwa haraka. Mkutano wa siasa huhitaji kuelezwa: umeitishwa na nani, kwa ruhusa ya nani. Ngoma ya maziko haihitaji maelezo. Watu huja kwa sababu ni wajibu kuja, na akija mgeni kutoka mbali hakuna anayemwuliza alichofuata. Zaidi ya hayo, anayecheza kifudu anaomboleza. Mekatilili alipowatajia waliokusanyika vijana wanaopelekwa mashambani, kaya iliyoachwa na mila zinazopuuzwa, waliomsikiliza walikuwa tayari wamevaa moyo wa msiba. Kilichobaki ni kuwaambia ni nani aliyekufa.

Wako wasomi ambao wakisikia neno tamthilia huona pazia, viti na tikiti mlangoni. Pwani haikungoja pazia. Sengenya ya Wadigo, yenye ngoma na nzumari yake, ilikusanya watazamaji na kuwapa la kuzungumza kabla ya jumba lolote la maonyesho kujengwa Mombasa. Palipo na mchezaji, watazamaji na kisa, pana mchezo. Mekatilili alikuwa na vyote vitatu, na nyuma yake alikuwa na Mepoho, nabii wa kike wa Kigiriama ambaye inasimuliwa kwamba alitabiri kuja kwa wageni watakaoivuruga nchi. Kila aliyemwona Mekatilili akicheza alijua utabiri huo. Hakulazimika kuusimulia upya.

Kisa chake kinachojulikana zaidi ni kile cha kuku. Champion aliitisha mkutano wa hadhara mnamo Agosti 1913 ili kuomba vijana. Inasimuliwa kwamba Mekatilili alifika na kuku mwenye vifaranga, akamweka chini mbele ya umati, akamtaka Mzungu achukue kifaranga kimoja. Champion aliponyoosha mkono, kuku alimdonoa. Mama huyo akamweleza kuwa hayo ndiyo yatakayompata akijaribu kumchukua mwana wa Mgiriama. Simulizi nyingine huongeza kwamba afisa huyo, kwa hasira, alimpiga kuku risasi.

Kama kila chembe ya kisa hicho ilitokea vivyo hivyo au la, si hoja kubwa. Kimedumu kwa sababu ni mchezo kamili: una wahusika wawili, kifaa kimoja, na maana ambayo hata mtoto anaishika. Tena umechezwa katika uwanja uliotayarishwa na serikali yenyewe. Champion ndiye aliyewakusanya watazamaji.

Hata hivyo, ngoma peke yake isingeisimamisha serikali. Mekatilili alishirikiana na mzee Wanje wa Mwadorikola, na katika miezi hiyo ya 1913 umati mkubwa ulikusanyika Kaya Fungo. Huko wanawake waliapa kiapo chao kiitwacho mukushekushe, na wanaume wakaapa kile cha fisi. Kwa viapo hivyo walijifunga kutoitumikia serikali wala kuwatii machifu wake. Kiapo cha fisi kiliogopwa kuliko faini yoyote ya Mzungu. Champion alijikuta katika nchi iliyonyamaza. Alitoa amri na hakuna aliyesogea.

Serikali ilijibu kwa kumwondoa mchezaji. Mekatilili na Wanje walikamatwa Oktoba 1913, wakapelekwa Kisii, upande wa pili wa nchi, wakae huko miaka mitano. Huenda waliopanga adhabu hiyo hawakufikiri sana walikowapeleka. Miaka mitano tu nyuma, Januari 1908, Otenyo wa Abagusii alikuwa amemchoma mkuki afisa wa Kiingereza aitwaye Northcote, kwa uchochezi wa mama mmoja mganga, Moraa.

Hawakumaliza hata nusu mwaka. Januari 1914 walitoroka. Kutoka Kisii hadi Giriama ni zaidi ya kilomita 600 hata ukipima kwa mstari ulionyooka, na kati yake kuna Bonde la Ufa na nyika ya Ukambani na Taita. Simulizi husema walikwenda kwa miguu. Mwanamke wa umri wake kuonekana tena kijijini baada ya kusemekana amekwisha kutupwa mbali, hilo lilikuwa tukio lenye nguvu kuliko hotuba yoyote.

Ndipo serikali ilipoamua kuuvunja uwanja wenyewe. Agosti 4, 1914, siku ile ile Uingereza ilipotangaza vita dhidi ya Ujerumani, Kaya Fungo ililipuliwa kwa baruti. Miti mikubwa ilikatwa na malango kuzibwa. Kwa mtazamo wa afisa, pale palikuwa msituni tu. Lakini hakuna anayepoteza baruti kwa msitu usio na maana kwake. Waliolipua walijua kilichokuwa kikitendeka humo.

Vita vilifuata mwezi huo huo. Mekatilili na Wanje walikamatwa tena mapema, kwa hiyo hawakuwapo wakati askari wa K.A.R. walipochoma vijiji, kutwaa mbuzi na kuwaua Wagiriama ambao silaha yao ilikuwa upinde. Serikali ilikuwa na haraka. Wajerumani walikuwa wakisogea kutoka kusini, na mwanzoni mwa Oktoba waliishambulia Gazi, mji wa marehemu Mbaruk, ambako walizuiwa. Askari waliokuwa wakiwawinda wakulima wa Sabaki walihitajika penye adui mwenye mizinga.

Mapatano ya Oktoba 1914 yalikuwa mazito. Wagiriama walitozwa faini ya rupia 100,000, wakatakiwa watoe vibarua 1,000, na wakaamriwa kuhama kaskazini mwa Sabaki, kwenye ardhi yao bora. Njaa iliwakuta katika miaka iliyofuata. Ni haki kuuliza, kama walivyouliza baadhi ya wazee wa wakati huo, iwapo ngoma iliyowaamsha iliwaandaa pia kwa yaliyokuja. Viapo viliwaunganisha watu wasiwe na hofu, lakini havikuwapa njia ya kukabili bunduki. Mekatilili hakulipa gharama hiyo peke yake.

Alirejea nyumbani mwaka 1919. Serikali, iliyokuwa imechoka, ilikuwa imelegeza: Wagiriama waliruhusiwa kurudi ng'ambo ya Sabaki, na kaya ikafunguliwa tena. Mekatilili na Wanje walikwenda kukaa humo, yeye akiongoza baraza la wanawake na mwenzake la wanaume. Aliyelazimika miaka sita nyuma kujitengenezea uwanja kwa kucheza vijijini sasa alikuwa na kiti katika kaya. Alifariki mwaka 1924 na kuzikwa Bungale, Magarini.

Serikali ya kikoloni ilipoondoka, ujanja wa kuvunja uwanja haukuondoka nayo. Mwaka 1977, wakulima na wafanyakazi wa Kamiriithu, karibu na Limuru, waliigiza mchezo wa Kikuyu wa Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mirii katika ukumbi wa wazi waliojijengea kwa mikono yao. Kibali kiliondolewa Novemba, na mwandishi huyo mkuu akatiwa kizuizini Desemba 31. Mwaka 1982 ukumbi wenyewe ukabomolewa. Vitabu vya Ngũgĩ vya Kiingereza vilikuwa vimeuzwa madukani kwa miaka mingi bila kuguswa. Kilichowaudhi wakubwa ni mkulima kusimama mbele ya wakulima wenzake na kusema kwa lugha yao. Champion angeelewa.

Afisa huyo naye aliacha maandishi. Ripoti yake kuhusu Wagiriama, aliyoiandika mnamo 1914, ilichapishwa mwaka 1967, na watafiti huitegemea hadi leo. Mekatilili hakuandika chochote. Yaliyobaki kwake yamehifadhiwa vinywani na miguuni mwa watu: nyimbo, kisa cha kuku, na kifudu chenyewe.

Mwaka 2008, misitu ya kaya za Mijikenda, Kaya Kinondo ya Kwale ikiwemo, iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO, na mwaka uliofuata mila zinazoambatana nayo zikatajwa kuwa urithi unaohitaji kuokolewa haraka. Malindi kuna sanamu yake. Na katika sherehe za kumkumbuka ambazo zimekuwa zikifanyika mwezi wa Agosti, wanawake waliovalia hando hufika hadi kaburini Bungale, wakasimama kwa duara, wakaanza kucheza.