Maisha ya Kasisi John Russell
Na mwanafunzi wa Kidato cha Nne

Wasomaji wenzangu, bila shaka mmepata kuona picha ya mbwa mdogo mweupe mwenye mabaka, aitwaye Jack Russell. Mimi nilidhani jina hilo lilibuniwa tu, kumbe lilikuwa la mtu, tena kasisi.

John Russell alizaliwa mwaka 1795 katika mji wa Dartmouth, jimbo la Devon, kusini-magharibi ya Uingereza. Baba yake naye alikuwa kasisi mpenda kuwinda. Alisomea shule ya bweni ya Blundell's, na huko yeye na mwenzake walifuga mbwa wa kuwinda kwa siri. Mkuu wa shule alipogundua, mwenzake alifukuzwa. Russell aliponea chupuchupu. (Sisi hapa hata paka haturuhusiwi!)

Mnamo mwaka 1819, huko Oxford, alikutana na muuza maziwa aliyekuwa na mbwa jike mweupe, mwenye rangi ya hudhurungi machoni na masikioni, na doa dogo penye shina la mkia. Hakuondoka mpaka amemnunua. Akamwita Trump.

Nieleze kazi ya mbwa huyu. Mbweha wa kule ni mwekundu, naye ni mwizi wa kuku. Zamani wawindaji walimfukuza kwa farasi, wakifuata kundi la mbwa wakubwa. Mbweha alipoingia shimoni, mbwa wakubwa hawakuweza kumfuata. Hapo alitumwa mdogo, amtoe nje bila kumwua. Weupe wake uliwasaidia wakubwa wasimdhanie kuwa mbweha.

Mwaka 1826 Russell alimwoa Penelope Bury, binti wa amiri wa jeshi la majini, wa ukoo wenye ardhi. Miaka michache baadaye akawa kasisi wa Swimbridge, akakaa huko zaidi ya miaka arobaini. Mapato yake yalikuwa madogo, na farasi na mbwa hula kila siku, hata siku isiyo na mawindo. Mali ya mke wake ikapungua mwaka hata mwaka. Jambo hili ndilo linalonisumbua katika habari zake.

Askofu wake, Henry Phillpotts, hakupendezwa. Inasimuliwa kwamba alimtaka aache mbwa wake. Russell akakubali kwa upole, kisha akaeleza kwamba tangu siku hiyo watakuwa wa mkewe! Nilicheka, ingawa huo ni ujanja wa kitoto. Lakini hakuwa mvivu wa kazi. Alipofika Swimbridge palikuwa na ibada moja tu kila Jumapili. Baadaye zikawa nne. Watu wake walimpenda.

Mwaka 1873 alikuwa mmoja wa waanzilishi wa Kennel Club, chama cha wafugaji wa mbwa. Mwana wa Malkia, aliyekuja kuwa Mfalme Edward wa Saba, alimkaribisha kwake Sandringham, na picha ya Trump ikatundikwa huko. Uwindaji ule ulipigwa marufuku Uingereza mwaka 2005, na mimi naona ni haki.

Penelope alifariki mwaka 1875. Miaka minne baadaye, mzee wa zaidi ya miaka themanini, Russell alihamia Black Torrington kwa sababu mapato ya huko yalikuwa bora. Alifariki tarehe 28 Aprili 1883, akarudishwa Swimbridge kuzikwa.