Kano Jigoro, Mwanachuo Aliyeichuja Mila

Wanachuo wenzangu, ukitaja judo wengi tunawaza kitu cha kale kabisa, cha enzi za samurai. Sivyo bwana. Judo ilianzishwa mwaka 1882 na kijana wa miaka 21 aliyesoma Chuo Kikuu cha Tokyo.

Kano Jigoro alizaliwa 1860. Umbo lake lilikuwa dogo, na shuleni wababe walimwonea sana. Akataka kujifunza jujutsu, mapigano ya mikono mitupu ya samurai, lakini nani amfundishe? Japani ilikuwa inakimbilia kila cha Ulaya, tabaka la samurai limeshafutwa, na jujutsu ikaonekana ushamba tu. Mwaka 1877 ndipo akampata mzee Fukuda, aliyekuwa akiunga watu mifupa.

Kisa ninachokipenda ni hiki. Pale kwa Fukuda kulikuwa na jamaa mmoja mzito, Kano hamwezi. Akajaribu mbinu za sumo, wapi! Akaenda maktaba, akafungua vitabu vya mieleka ya Kizungu, akakuta namna ya kumbeba mpinzani mabegani. Akarudi, akambwaga. Mbinu hiyo, kata-guruma, imo kwenye judo mpaka leo. Yaani ndani ya mila ya Kijapani kuna kipande kilichotoka kwenye rafu ya vitabu vya Wazungu, na hakuna anayeona haya.

Shule yake, Kodokan, ilianzia hekaluni kwa mikeka 12 na wanafunzi tisa. Mbinu za hatari hakuzitupa. Aliziweka kwenye mazoezi ya mpangilio maalumu, ili kwenye mapambano huru watu waangushane bila kuuana. Wapo wanaodai aliihasi jujutsu. Mimi nawaelewa, maana kweli kilichobaki si kile cha vitani. Ila hicho cha vitani kilikuwa kinazikwa pamoja na wazee wake.

Alifariki melini Mei 1938, akirejea nyumbani baada ya kikao cha Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki kilichofanyika Cairo. Judo iliingia Olimpiki mwaka 1964, Tokyo kwenyewe, na Mholanzi Anton Geesink akamshinda Kaminaga mbele ya Wajapani wenzake. Siku hizi mchezaji mmoja huvaa bluu, jambo ambalo Japani ililipinga kweli kweli. Mimi nadhani mtu aliyeokota kata-guruma maktabani asingegombea rangi ya nguo.